Bandama Limevimba: Kabla ya Siti Skani, Niambie Umeishi Wapi

Mwezi huu nimepokea barua kadhaa kuhusu bandama, na nimeziweka pamoja kwa sababu zina kilio kimoja. Mtu amepigwa picha ya ultrasaundi, amekabidhiwa karatasi inayosema bandama limevimba, kisha ameachwa na karatasi yake kana kwamba hilo ndilo jina la ugonjwa. Bandama kuvimba si ugonjwa. Ni ishara kwamba kuna jambo katika damu, katika ini, au katika maambukizi yaliyojificha, na jambo hilo ndilo la kutafutwa.

*Daktari, pokea salamu zangu. Ndugu yangu mdogo ana miaka 26. Kwa miaka miwili amekuwa akichoma makaa na kuchunga mbuzi wa mjomba wetu huko Baringo, upande wa Marigat. Januari alirudi kwangu akiwa amekonda hadi suruali hazimkai. Homa humpanda jioni, ikashuka, ikapanda tena, tangu Novemba. Kliniki ya mtaani imemtibu malaria na taifodi mara tatu. Sasa upande wa kushoto wa tumbo umejaa na ni mgumu. Ultrasaundi inasema bandama lina sentimita 21. Damu: hemoglobini 7.4, seli nyeupe 1.9, pleteleti 61. Wameniambia nitafute pesa za siti skani. Jirani naye anamjua mama mmoja wa kukanda matumbo anayesema ataliyeyusha. Kanisani wanasema ni saratani. Nianzie wapi? Na likitolewa, atapona? — Dada mkubwa, Kayole*

Dada yangu, pole kwa kuuguza. Nitakujibu kwa urefu kwa sababu ndugu yako hana muda wa kupoteza.

Kwanza kabisa, asikandwe. Nakusihi. Bandama la sentimita 21 limetanuka mpaka ganda lake limekuwa jembamba, na ndani yake mna damu tele. Mkono wa mkandaji, mpira wa miguu, kuanguka kutoka kwenye bodaboda, chochote kati ya hivyo kinaweza kulipasua, na mtu akavuja damu tumboni bila tone moja kuonekana nje. Pleteleti zake, zile chembe ndogo zinazogandisha damu, ni 61, yaani 61,000 kwa kila mikrolita, ilhali kiwango cha kawaida huanzia 150,000. Damu yake haigandi upesi. Siku akipata maumivu makali ya ghafla upande wa kushoto, au yakampanda hadi bega la kushoto, akatoka jasho baridi na kusikia kizunguzungu, usingoje kupambazuke. Mpeleke idara ya dharura. Tena asipigwe sindano ya diklofenaki, wala asipewe aspirini au ibuprofeni kwa ajili ya homa. Sindano hiyo hupigwa katika kliniki zetu kwa karibu kila maumivu, na kwa mtu mwenye pleteleti chache inaweza kumletea kutokwa na damu. Parasetamoli inatosha. Na chale zisichanjwe pia. Nimewaona wagonjwa waliochanjwa juu ya mbavu za kushoto, wakafika wodini na vidonda juu ya ugonjwa waliokuja nao.

Sasa uanzie wapi? Umeshaanza, pengine bila kujua, uliponitajia Marigat. Sisi wa Nairobi tunaishi kwenye mwinuko wa karibu mita 1,700, na wagonjwa wetu wanatoka kila pembe ya nchi. Kwa hiyo mtu mwenye bandama kubwa akiketi mbele yangu, naanza na safari zake kabla sijamgusa. Umezaliwa wapi? Umelala wapi miaka hii ya karibuni? Ulioga maji gani, ulifanya kazi gani, kuna jamaa yako aliyeugua vivyo hivyo? Aliyekulia Siaya au Busia ananifanya niwaze malaria ya muda mrefu. Aliyelima mpunga Mwea au kuvua samaki Mbita ananifanya niwaze kichocho. Aliyechunga mifugo Baringo, Pokot Magharibi, Turkana, Wajir, Marsabit au Isiolo ananifanya niwaze kalaazari kabla ya kitu kingine chochote.

Kalaazari huletwa na kijidudu kiitwacho Leishmania donovani. Kilipewa jina la William Leishman na Charles Donovan, madaktari waliokieleza mwaka 1903. Leishman alikuwa amekiona katika bandama la askari aliyefariki baada ya kurudi Uingereza kutoka India. Kwetu Kenya anayekisambaza ni inzi mdogo wa mchangani, mdogo kuliko mbu, asiyevuma masikioni, ambaye mchana hujificha ndani ya vichuguu vya mchwa. Mchungaji anayepumzika karibu na kichuguu au kulala nje ndiye anayeumwa zaidi. Dalili huja baada ya miezi kadhaa, na huenda wakati huo mtu ameshahamia mjini na kuyasahau hata hayo malisho. Homa ya zaidi ya wiki mbili, kukonda, na bandama kubwa: mtu wa Marigat akiwa na hayo matatu, wahudumu wa kule huiwazia kalaazari mara moja. Hapa mjini ni rahisi ipite, kwa kuwa wengi wetu hatukutani nayo mara kwa mara. Nayo haisamehe. Isipotibiwa huua zaidi ya wagonjwa 95 kati ya 100.

Hesabu ya damu uliyonitumia inaelekea upande huohuo. Hemoglobini ya 7.4 ni ya chini mno kwa mwanamume, anayetarajiwa kuwa na 13 kwenda juu. Seli nyeupe 1.9 maana yake ni 1,900, na za kawaida ni kati ya 4,000 na 11,000. Aina zote tatu, seli nyekundu, nyeupe na pleteleti, zimeshuka pamoja. Kazi mojawapo ya bandama ni kuchuja damu na kuziondoa seli nyekundu zilizozeeka baada ya takriban siku 120. Likikua kupita kiasi hunasa hata zilizo changa, na kijidudu cha kalaazari nacho huingia ndani ya uboho, kule damu inakotengenezewa. Linganisha na ile saratani ya damu inayojulikana sana kwa kutanua bandama, lukemia sugu ya mieloidi. Hiyo hulifikisha bandama kitovuni na kupita, lakini seli nyeupe huwa nyingi ajabu, mara nyingi kupita 100,000. Za ndugu yako ni chache. Hilo halifuti kila saratani, kwa maana limfoma, yaani saratani ya tezi, na lukemia nyingine zinaweza kushusha damu yote, ila linaonyesha kwa nini karatasi ya hemogramu, yaani hiyo hesabu ya damu, ambayo haina gharama kubwa, inastahili kusomwa kwa makini kabla familia haijatumwa kuchangisha pesa za mashine. Omba pia slaidi ya damu iangaliwe chini ya hadubini na mtu mwenye ujuzi. Mashine huhesabu. Jicho ndilo linaloona umbo la seli, vijidudu vya malaria, na seli changa ambazo hazikupaswa kuwa nje ya uboho.

Kuhusu hiyo taifodi iliyotibiwa mara tatu, nimesoma kwa uchungu. Kipimo cha Widal kinachotumika katika kliniki nyingi za mitaani hutafuta kingamwili, yaani kinga ambayo mwili hutengeneza dhidi ya vijidudu, na mtu aliyewahi kuugua zamani, au aliyekutana na vijidudu vya jamii hiyo, anaweza kuonekana ana taifodi leo. Taifodi huthibitishwa kwa kuotesha damu maabarani. Homa iliyokataa dawa mara ya kwanza ilipaswa kumfanya mtu amlaze mgonjwa kitandani na kumpapasa tumbo, na kupapasa tumbo hakuhitaji umeme wala kemikali.

Kupapasa huko kuna ustadi wake, nami naueleza ili ujue unachostahili kufanyiwa. Bandama la mtu mzima lina uzito wa gramu 150 hadi 200, limejificha chini ya mbavu za 9 hadi 11 upande wa kushoto, na kwa kawaida vidole havilifikii mpaka likue mara mbili au tatu. Likikua hushuka kimshazari kuelekea kitovu na nyonga ya kulia. Ndiyo maana mwalimu wangu wa wodini alitufundisha kuanza na mkono chini kulia, karibu na nyonga, mgonjwa akivuta pumzi, kisha kupanda polepole kuelekea mbavu za kushoto. Anayeanzia juu ubavuni anaweza kuuweka mkono katikati ya bandama lenyewe, asihisi ukingo wowote, akaandika kwamba tumbo halina tatizo. Akiwa na shaka, daktari humgeuza mgonjwa alalie ubavu wa kulia. Ukingo wa bandama una pengo dogo, hushuka pamoja na pumzi, na vidole haviwezi kupita kati yake na mbavu. Kwa hayo hulitofautisha na figo. Baadaye atatafuta tezi shingoni, kwapani na kwenye kinena, aangalie macho kama yana manjano, apapase na ini. Tezi zikiwa kubwa, mawazo yanahamia kwa kifua kikuu, HIV au limfoma.

Kwa hiyo mpeleke wiki hii. Hospitali ya Mama Lucy Kibaki iko karibu nawe, na ikibidi watakupa barua ya kwenda Hospitali ya Kitaifa ya Kenyatta. Hakikisha amesajiliwa SHA, bima ya afya ya serikali, kabla hamjafika. Mwambie daktari waziwazi: ameishi Marigat miaka miwili, ana homa tangu Novemba, bandama ni sentimita 21, aina zote tatu za seli zimeshuka, naomba apimwe kalaazari. Kuna kipimo cha haraka kiitwacho rK39, tone la damu ya kidole tu, na jibu hupatikana katika muda usiofika nusu saa. Kikionyesha kalaazari kwa mtu mwenye dalili hizi ambaye hajawahi kutibiwa ugonjwa huo, matibabu yanaweza kuanza. Kisipoonyesha, msirudi nyumbani, kwa sababu huku Afrika Mashariki kipimo hicho huwakosa wagonjwa wengi kuliko kinavyowakosa India. Hapo kijidudu chenyewe hutafutwa kwa sindano, ama katika uboho ama katika bandama. Sindano ya bandama hukipata kwa wagonjwa 93 hadi 99 kati ya 100, ya uboho kwa 53 hadi 86. Lakini ya bandama ina hatari ya kuvujisha damu, kwa hiyo hufanywa na mikono iliyoizoea tu, pleteleti zikiwa zaidi ya 40,000 na damu ikiwa imepimwa jinsi inavyoganda. Apimwe HIV bila kukosa, kwa kuwa kila mmoja kati ya magonjwa hayo mawili humzidishia mgonjwa makali ya mwenzake. Apimwe pia malaria kwa slaidi, kifua kikuu, homa ya ini ya aina ya B na C, na kazi ya ini na figo.

Siti skani isubiri. Itakuonyesha kwa picha nzuri zaidi kwamba bandama ni kubwa, jambo ambalo tayari unalijua. Itahitajika ikiwa daktari anatafuta tezi za ndani ya tumbo, jipu, au uvimbe ndani ya bandama lenyewe.

Kulitoa hakumponyi. Kijidudu kimeenea katika ini na uboho, na mtu asiye na bandama hushambuliwa vikali zaidi na baadhi ya bakteria na hata malaria, maisha yake yote. Ikithibitika ni kalaazari, dawa inayotumika katika ukanda wetu ni sindano mbili za kila siku kwa siku 17, sodiamu stibogluconeti pamoja na paromomaisini, akiwa amelazwa na moyo, ini na figo vikiangaliwa. Homa kwa kawaida huanza kushuka mapema. Bandama lenyewe huchukua wiki nyingi, hata miezi, kurudi ndani ya mbavu, basi usivunjike moyo ukiliona bado lipo siku anapotoka wodini. Wahudumu wa Kimalel na Chemolingot kule Baringo, na wa Kacheliba kule Pokot Magharibi, wameutibu ugonjwa huu sana kuliko sisi wa mjini, na daktari wako akiwapigia simu kuuliza ushauri, mshukuru.

Na ikiwa sio kalaazari? Kuna malaria ya miaka mingi inayoacha bandama kubwa sana hata slaidi isipoonyesha kijidudu kimoja. Hutambuliwa kwa kingamwili aina ya IgM iliyopanda mno, na kwa bandama kupungua baada ya miezi ya dawa ya kuzuia malaria. Yote hayo yakikosekana, uboho utachunguzwa kwa ajili ya saratani. Waambie wa kanisani kwamba hata lukemia sugu ya mieloidi siku hizi ina tembe, imatinibu, ambazo watu huzimeza kila siku huku wakifanya kazi zao. Kwa hiyo wasimzike kwa maneno.

*Daktari, mimi ni fundi wa magari, miaka 41. Nilizaliwa Mwea na tangu utotoni nilipalilia mpunga miguu mitupu. Mwezi uliopita nilitapika damu nyingi, nikalazwa, nikaongezwa damu. Ultrasaundi: bandama sentimita 17, ini "la kawaida". Vipimo vya ini havikuonyesha shida kubwa. Sijawahi kuonja pombe, lakini hospitalini waliniuliza kila siku ninakunywa nini, na sasa mke wangu pia haniamini. Nimeambiwa bandama litolewe. — Fundi, South B*

Ndugu yangu fundi, mpe mke wako ukurasa huu asome. Kutapika damu pamoja na bandama kubwa si ushahidi wa pombe. Kwa mtu aliyekulia ndani ya maji ya mpunga wa Mwea, kichocho cha tumbo ndicho cha kushukiwa kwanza.

Minyoo ya kichocho hicho, Schistosoma mansoni, huishi katika mishipa ya matumbo. Mayai yake mengi hutoka na kinyesi, lakini mengine husombwa na damu hadi kwenye ini, yakanasa kando ya mshipa mkuu unaoingiza damu humo. Kwa miaka mingi kovu hujengeka kuuzunguka mshipa huo. Ikawa kama mtaro wa mtaani ulioziba msimu wa mvua: maji hayana pa kupita, yanarudi nyuma na kufurika kwa jirani. Damu hurudi kwenye bandama likavimba, na hurudi kwenye mishipa ya chini ya koo la chakula ikatanuka mpaka ikapasuka. Hapo ndipo ulipotapika. Seli za ini lenyewe huwa nzima kwa muda mrefu, na ndiyo sababu vipimo vyako vya ini vimetoka vizuri huku wewe ukiwa umenusurika kifo. Katika ini lililoharibiwa na pombe au na homa ya ini, kwa kawaida vipimo hivyo huwa vimeharibika zaidi kufikia hatua ya kutapika damu.

Unachohitaji upesi ni endoskopia, ile kamera ya kupitishwa kinywani, ili mishipa iliyotanuka ionekane na ifungwe kwa mipira midogo. Usiahirishe, maana inaweza kupasuka tena. Pia urudie ultrasaundi, safari hii umwombe mpigaji aangalie kwa Dopla, kipimo cha mtiririko wa damu, mshipa mkuu wa ini, upana wake na mwelekeo wa damu, na aseme kama kuna kovu kuuzunguka. Neno "kawaida" kwenye karatasi yako huenda lina maana kwamba hakuna aliyetafuta kovu hilo. Kinyesi kipimwe mayai, lakini ujue kwamba katika kichocho cha zamani mayai yanaweza kukosekana. Upimwe homa ya ini B na C, kwa sababu mtu anaweza kuwa na mawili. Prazikwanteli, miligramu 40 kwa kila kilo ya uzito, ni dawa nafuu na itaua minyoo iliyobaki, ingawa kovu la zamani halitafutika lote. Daktari anaweza kukuongezea propranololi ya kupunguza msukumo katika mishipa.

Kuhusu upasuaji, usikubali kwa haraka, na usikatae kwa hofu. Upo wakati ambapo unafaa, lakini mishipa ya koo ndiyo inayohatarisha maisha yako leo, nayo ina tiba yake bila kulitoa bandama. Ikiamuliwa litolewe, hakikisha umechanjwa dhidi ya bakteria za nimokoko, meningokoko na Hib wiki mbili au zaidi kabla ya siku ya kisu.

Niongeze jambo kwa wazazi wanaosoma. Watafiti waliowachunguza watoto wa shule huko Makueni walikuta kwamba mtoto anayepigwa na malaria na kichocho kwa pamoja hupata ini na bandama kubwa zaidi. Dawa za minyoo na kichocho zikiletwa shuleni, mtoto azimeze.

*Daktari, mtoto wangu ana miaka miwili na ana sikoseli. Kliniki wameniambia niwe napapasa bandama nyumbani lakini hakuna aliyenionyesha. Naogopa kumuumiza. — Mama, Kawangware*

Mama, hutamuumiza. Chagua wakati ametulia, labda baada ya kuoga, amelala chali, magoti yameinuliwa kidogo. Weka vidole bapa upande wa kushoto wa tumbo, anza chini karibu na kitovu, panda taratibu kuelekea mbavu kila anapovuta pumzi. Ukihisi ukingo, kitu laini lakini kilichoshikamana, hilo ndilo. Pima upana wa vidole kutoka ukingo wa mbavu, au weka kijiti na ukitie alama ya kalamu, ukihifadhi pamoja na kadi ya kliniki. Fanya hivyo kila siku kwa muda mfupi, ili mkono wako uzoee jinsi lilivyo akiwa mzima. Siku ya kliniki mwombe muuguzi aweke mkono wake juu ya wako akuonyeshe. Ni haki yako.

Unachokitafuta ni mabadiliko. Kwa watoto wadogo wenye sikoseli, damu inaweza kukwama ghafla ndani ya bandama, likakua kwa saa chache na mtoto akaishiwa damu. Bandama likiwa kubwa kuliko alama yako, viganja na midomo vikawa vyeupe, akapumua haraka, akalegea au akakataa kunyonya na kula, nenda hospitali saa hiyohiyo, hata kama ni usiku wa manane, na useme mlangoni: ana sikoseli na bandama limekua. Anahitaji kuongezwa damu. Madaktari wa Jamaika waliandika mwaka 1985 kwamba walipowafundisha wazazi kupapasa hivi, vifo vya watoto kutokana na tatizo hilo vilipungua sana. Wazazi hao hawakuwa wauguzi. Na kwa kuwa likitokea mara moja linaweza kutokea tena, usilegeze baada ya kutoka wodini.

Usishangae miaka ikienda bandama likasinyaa lisishikike tena. Hiyo ni njia ya ugonjwa wenyewe, na bandama lililosinyaa halimlindi. Ndiyo maana penisilini ya kila siku isikatizwe angalau hadi afike miaka mitano, chanjo zote zikamilike, dawa ya kuzuia malaria iendelee, na homa yoyote itazamwe na daktari siku hiyohiyo. Uliza pia kuhusu haidroksiyurea, dawa ya kupunguza makali ya sikoseli.

*Daktari, nilipimwa kwa ajili ya bima. Sina ugonjwa wowote, urefu wangu ni mita 1.91, nacheza basketiboli. Karatasi inasema bandama sentimita 13.4, "limevimba kiasi". Sijalala. — Mwalimu, Rongai*

Mwalimu, lala. Kipimo cha 12 au 13 kinachoandikwa kama mpaka ni cha watu wa urefu wa kawaida, na wanaume warefu mara nyingi huwa na bandama refu kidogo. Mwaka 1967 madaktari wa Marekani waliwapapasa wanafunzi wapya wa chuo zaidi ya 2,000 na kukuta bandama likishikika kwa karibu 3 kati ya 100, wote wakiwa vijana wanaojisikia wazima.

Hata hivyo usiitupe karatasi. Fanya hemogramu na slaidi ya damu, kazi ya ini, HIV na homa ya ini B, na umwambie daktari kama karibuni ulikuwa na homa na koo kuuma, kwa sababu virusi vinaweza kulivimbisha kwa wiki kadhaa. Ikiwa hilo limetokea, acha basketiboli mpaka lipimwe tena. Damu yako ikiwa sawa, na tezi hazijavimba, rudia ultrasaundi baada ya miezi mitatu hivi. Nenda kituo kilekile na ubebe karatasi ya kwanza, maana watu wawili wakilipima bandama lilelile wanaweza kupishana nusu sentimita.